Wajina

Mwalimu Bbaale, katekista wa Semuto,
alikuwa na orodha ya majina nyuma ya karatasi ya sukari.
Mama alifika amechelewa, mvua mgongoni.
Petero limekwisha. Yowana limekwisha mara tatu.
Karoli lina foleni.
"Limebaki hili," akasema, "halijaombwa na mtu."
Nikatoka majini nikiitwa Jermaniko.
Shuleni wakalikatakata: Mugirimaani, yaani Mjerumani,
okota mpira, Mugirimaani, futa ubao.

Nilipojua kusoma nikaenda kumtafuta mwenye jina.
Kitabu cha watakatifu kililiwa na mchwa kuanzia Februari;
wangu ni wa Januari, akaponea.
Kijana wa Smirna, uwanjani, mbele ya umati.
Gavana anambembeleza: uhurumie ujana wako.
Naye akamkamata mnyama
akamvuta kwake kwa nguvu,
kama mtu avutaye mlango uliokwama.

Sikumtaka.
Nilikuwa na miaka kumi; nani anataka kuliwa?

Kwenye historia ya Roma, kabatini kwa padre,
nikampata wa pili: jemadari,
farasi, mto wa baridi, tai wa chuma juu ya mti.
Jina alilirithi kwa baba yake, aliyewapiga Wajerumani;
si jina hasa, ni nyara.
Huyo nikampenda. Nikachonga upanga wa mti wa muhogo
nikafyeka migomba ya bibi hadi nikachapwa.

Halafu vikaja vita vya watu wazima,
na Kiswahili kikaja navyo, kizuizini:
Simama. Kaa chini. Vua viatu. Toa kipande.
Lugha hii ninayoiandikia
nilianza kuisikia katika amri.
Askari akauliza, nani mwenye redio?
Redio ilikuwa ya Nsereko, mwenye watoto saba,
na Nsereko alikuwa ameanza kutetemeka.
Baba hakuwa na redio.
Baba hakuwahi hata kubatizwa;
jina lake, Lubowa, hakuazima kwa mtakatifu yeyote.
Akapiga hatua mbele.

Tuliporudi mibuni ilikuwa msitu.
Mwalimu Bbaale akagawa vikapu vya kahawa
tukaokota.
Mafuvu kando ya njia, mbavu katika nyasi ndefu,
kiatu kimoja na mguu wake ndani.
Nilitazama meno. Baba alikuwa na pengo hapa, kushoto.
Mapengo yalikuwa mengi.
Nikaacha kutazama, nikabeba tu,
sijui ni baba, sijui ni aliyemuua,
vyote vyepesi sawasawa.

Nilikuwa mtu mzima nilipokisoma tena kile kitabu,
na ukurasa niliouruka utotoni kwa kuwa haukuwa na panga:
jemadari anaingia msituni, mwaka wa sita baada ya maangamizi,
anaikuta mifupa ya jeshi imetawanyika, mingine imerundikana.
Wanaizika. Hakuna ajuaye
kama anamzika mgeni au ndugu.
Donge la kwanza la udongo na nyasi
analiweka jemadari mwenyewe.

Kwa hiyo mpole ndiye aliyevuta kwa nguvu,
na mbabe ndiye aliyeinama.
Waswahili humwita wajina somo,
na funzo nalo huliita somo,
nami kila nikijaribu kuyatenganisha hayo mawili
nasikia harufu ya kikapu.

Siku ile tulitandaza nguo ya mtuba juu ya shimo.
Mwalimu Bbaale akanipa donge lenye nyasi.
"Weka wewe kwanza."
Nikauliza kwa nini mimi.
"Wewe ndiye uliye karibu."
Lilikuwa na siafu.
Nikaliweka hivyo hivyo.