Masika Arobaini na Mmoja

Nilipanga kwa jina, wakatoka Masika arobaini na mmoja,
wamesimama kwenye kioo kama foleni ya bomba,
kila mmoja binti wa kwanza wa mama yake.
Huku kwetu, chini ya Rwenzori, jina ni zamu:
Masika hutangulia, Biira hufuata,
na mimi Kabugho nikaja wa tatu, nikakuta kitanda kimejaa.
Mama zetu walitupanga kabla ya kompyuta,
ila walitupanga kwa safu moja tu.

Ofisi ya ushirika ni chumba kimoja hapa Kyarumba:
mizani mlangoni, magunia ya buni hadi darini,
na sola inayochoka ikifika saa tisa.
Mwenyekiti anataka orodha ya bonasi kabla haijachoka.
Basi naandika alama ya sawasawa,
nafungua mabano kama ninafungua ghala:
kijiji kwanza, kwa alfabeti, moja;
kilo pili, kubwa juu, hasi moja;
jina mwisho.
Ajabu yake hiyo hasi moja:
alama ya kupungukiwa,
ndiyo inayompandisha tajiri juu.

Mistari mia sita na nane ikahama kwa pumzi moja.
Masika wa Kalonge akaachana na Masika wa Kyondo,
mwenye kilo mia tatu akakaa juu ya mwenye tisa,
wala hakuna aliyesukumwa, wala aliyetukanwa.

Kisha chujio. Masharti mawili, nyota katikati:
kilo zizidi hamsini, na bonasi iwe haijalipwa.
Kweli mara kweli ni moja, apite.
Kweli mara si kweli ni sifuri.
Mashine haisemi pole.
Wakabaki mia moja na kumi na tisa.
Nikamtafuta Masika wa ng'ambo ya daraja, mjane wa Thembo.
Hayumo.

Dirishani yumo. Amesimama tangu asubuhi
na kitabu cha risiti kilicholowa kikakauka,
kurasa zimegandana kama chapati za jana.
Mwezi wa tano mto uliingia kwake bila hodi,
ukabeba mibuni mia mbili, na choo, na mbuzi aliyefungwa kwenye choo.
Kilo zake: sifuri.
Safu ya E haiujui mto.

Nikaongeza safu. Safu ya G, nikaiita Mafuriko,
nikajaza ndiyo kwa vidole vyangu, mtu baada ya mtu,
kutoka daftari la mwenyekiti wa kijiji, ambaye mwandiko wake
nao ni mafuriko.
Kisha kwenye sharti la kilo nikatia jumlisha:
kilo zizidi hamsini, au mto ulimpitia.
Mara ya kwanza nilisahau mabano.
Wakarudi waliokwisha kulipwa, wametulia kabisa,
kama wageni wa harusi wanaokula mara ya pili.
Nikafuta. Nikahesabu kwa kidole: inayofungua, inayofunga,
inayofungua, inayofunga.
Wakawa mia moja thelathini na wanne.

Miaka miwili nilisoma haya Kasese mjini.
Nyota ni na, jumlisha ni au; niliyakariri nikipiga pasi.
Hakuna mwalimu aliyeniambia
kwamba iko siku jumlisha itanitetemesha mkono.
Fomula husema nani apite.
Aliyeandika sharti, haimtaji.

Mwenyekiti atauliza safu ya G imetoka wapi.
Sijui nitamjibu nini. Betri asilimia kumi na moja.
Kichapishi kinakohoa, kinameza karatasi, kinaitoa imepinda.

"Nimo?" anauliza Masika kutoka dirishani.
"Umo. Mstari wa themanini na sita. Bado saini."
"Themanini na sita," anarudia polepole,
anageukia wenzake walio nyuma yake kwenye kivuli cha paa.
"Mnasikia? Mimi, niliyezaliwa wa kwanza."