Senti Hamsini na Saba

Taarifa ya benki nimeisoma kwa rula,
kama nilivyosoma hati za mizigo miaka thelathini na moja
pale stesheni ya Tabora, dirisha la pili.
Pensheni imeingia. Luku imetoka. Makato ya mwezi yametoka.
Halafu mstari huu, umejiketia katikati
kama mgeni asiyebisha hodi:

VRLK*HANDEL 8817
23,480.57

Sina deni na mtu anayeitwa hivyo.
Hata kumtamka siwezi, jina halina irabu,
ni kama kutafuna mchele wenye mawe.
Na hizo senti!
Nani katika mji huu bado anadai senti?
Muuza karanga wa Cheyo akikosa chenji ya hamsini
anakuongezea kiganja, mnaagana kwa amani.

Nikamwita Mihayo, mjukuu wangu,
ndiye aliyeniunganishia kadi kwenye simu.
Sikumwita mwizi. Nilisema tu,
"Mjomba wako naye alianza na vidogo vidogo."
Midomo yake ilicheza, akasema kitu.
Sikusikia. Siku hizi sisikii mengi.
Alfajiri alipanda basi la Nzega,
chai kaiacha mezani imefanya utando.

Benki nilikuwa namba sitini na mbili.
Binti wa dirishani, Nyanzala, jina kalibandika kifuani,
ilimbidi apaze sauti, foleni nzima ikajua salio langu:
"Mzee! Duka lina jina moja,
anayelipokelea hela ana jina jingine!
Tarehe hii siyo siku uliyonunua!
Na hizo senti ni za kubadilisha fedha ya nje!"
Akanisogezea fomu ya pingamizi
na kalamu iliyofungwa kwa uzi, isije ikatoroka.

Nikakaa nayo kwenye benchi.
Jina moja dukani, jingine daftarini.
Hilo nalijua. Daftari la ubatizo linaniita Deodatus,
mama aliniita Shija, maana nilifuata mapacha,
na Kiloleni nzima wananiita Babu Karani.
Na tarehe je?
Behewa la asali la Kaliua lilipakiwa Ijumaa,
kwangu likaandikwa Jumatatu,
na wenye mzigo walipolalamika niliwagombeza mimi mwenyewe:
siku ya kufika siyo siku ya kuondoka,
mnaelewa au hamwelewi?

Basi nikarudi nyuma kwa kidole.
Jumanne. Jumatatu. Jumapili, Jumamosi, wamefunga.
Ijumaa usiku.

Mvua ilipiga bati, niliiona tu dirishani.
Kifaa cha sikio kilikuwa kimeishiwa betri,
maduka ya dawa nimeyazunguka yote, saizi hiyo hawana,
na mimi kitandani, miwani puani,
nakodolea picha ya betri ndogo kama mbegu za papai.
Bonyeza. Bonyeza. Kubali.
Duka lilikuwa na jina la upole,
na bibi mmoja pichani anacheka, meno yote yapo.

Fomu nikaikunja mara nne, nikaitia mfukoni.
Nyuma ni safi, itafaa kwa hesabu ya maziwa.

Mihayo hapokei.
Nimepiga mara tano, ingawa sijui
kama angepokea ningesikia nini.
Usiku nikamtumia elfu ishirini na tatu, mia nne na themanini.
Senti simu ilizikataa.
Ujumbe wake ukaja kabla sijazima taa,
nikausogeza karibu na balbu:

"Nimeona pesa kutoka kwa DEODATUS M KAPELA.
Samahani, nani mwenzangu?"

Ama hajalitambua jina,
ama amelitambua.