Mifuko Miwili ya Saruji

Nilikuwa natafuta cheti cha kuzaliwa cha Nyemo,
shule wanakitaka kabla ya Ijumaa,
nikaikuta ile karatasi ndani ya kopo la biskuti,
chini ya kadi za kliniki:
kurasa sita, namba ndogo kama punje za uwele.

Jedwali la marejesho.
Nililisaini kila ukurasa, pembeni,
kwa kalamu ya benki iliyofungwa kamba.
Kalamu ilifungwa isiondoke.
Mimi nikaondoka, nikidhani sijafungwa.

Na mimi ni mwalimu wa hesabu. Hapo ndipo panaponiuma.

Rejesho la kwanza: laki nane, elfu thelathini na nne na kitu.
Laki nane kamili zikaenda kwenye riba.
Kilichobaki kuligusa deni
kilitosha mifuko miwili ya saruji,
bila hata nauli ya mkokoteni.

Yaani mwezi ule mzima,
kuamka saa kumi na moja, vumbi la Nzuguni kwenye meno,
madaftari mia na arobaini ya kusahihisha,
Sechelela akipima karanga za mlenda kwa kijiko,
nilinunua nyumba yangu
mifuko miwili.

Mwezi wa pili, miwili na konzi.

Nikajumlisha. Miezi sabini na miwili.
Nilikopa milioni sitini.
Nimeshalipa milioni sitini na laki moja.
Ninadaiwa milioni hamsini na tano na laki nane.

Nikarudia kwa kikokotoo, kisha kwa mkono,
kama ninavyowaambia wanafunzi: onyesha njia.
Njia ilikuwa sahihi.

Dawa ya deni kulipa, tuliambiwa.
Hawakutaja dozi.
Wala hawakusema kwamba miaka ya mwanzo
dawa anakunywa mganga,
mgonjwa analambishwa kijiko.

Na nyumba haisubiri jedwali.
Maji ya chumvi yamekula koki mbili,
bati la upande wa upepo limepauka,
kona ya jiko kuna ufa, unapanda polepole
kwa mwendo uleule ambao deni linashuka.

Siku mkopo utakapoisha Nyemo atakuwa na miaka ishirini,
nami nitakuwa nimelipa milioni mia mbili:
nyumba tatu na banda la kuku.
Ninaishi katika moja.
Zile nyingine sijui ziko mtaa gani,
sijawahi kubisha hodi.

“Umekaa sakafuni kwa nini?” Sechelela, mlangoni.
Nikamwonyesha.
Akasoma akiwa amesimama, kidole kikishuka safu ya riba.

“Hakuna aliyetudanganya,” akasema. “Yote yameandikwa.
Sisi tuliuliza kwa mwezi ni shilingi ngapi,
basi.
Na usijisahaulishe kile chumba cha Chang'ombe,
mwenye nyumba anatuhesabia ndoo.”

Sikujisahaulisha. Ndiyo maana nilisaini haraka.

Akaniuliza: zabibu za mama, kule Hombolo,
mavuno mawili kwa mwaka, tukigawa kwa kumi na mbili,
tukiongeza laki moja kila mwezi?
Nikapiga hesabu nyuma ya karatasi ya mtihani.
Miaka kumi na minne iliyobaki
ikawa kumi.

“Laki moja inanunua miaka minne?”
“Ikiwahi.”
“Na tungeanza siku ile ya kwanza?”
Sikumjibu. Nilikuwa nimeshapiga na hiyo,
nikaikunja.

Usiku huohuo tukaandika barua kwa meneja,
yeye akisema, mimi nikiandika:
nyongeza ipunguze deni lenyewe,
isihesabiwe kuwa rejesho la mwezi ujao.
Akanirudisha nipigie mstari neno *lenyewe*.

Upepo ukaanza kulitingisha bati.
Zabibu zikikataa mwaka huu, sijui.

Cheti cha Nyemo bado hatujakiona.