Daftari la Chumvi

Mizinga hakuiulizia.
Bi Mwanatumu alikuja dukani kwetu,
barabara ya kumi na mbili, Ngamiani,
akauliza: siku zile meli za vita zilipotia nanga Raskazone
nani alikwenda kisimani?
Watoto walinyamazishwa kwa nini?

Nikamtolea daftari la babu wa babu,
pembeni limeliwa na mchwa, lanuka mafuta ya taa.
Akavaa miwani, akapekua toka kulia,
herufi za Kiarabu,
kidole kikienda taratibu kama cha mtu achambuaye mchele.

Tarehe mbili: chumvi, kibiriti, bizari.
Tarehe tatu, nne, tano: hakuna.
Tarehe sita, mkono mwingine, unatetemeka:
*Mke wa Mbelwa. Mtama, kibaba kimoja.
Atalipa mumewe akirudi upagazini.*

Hapakupigwa mstari.

Kalamu yake ilibaki hewani.
Mie, kwa mzaha: tulifute basi, bibi,
deni lenyewe limeshaota mvi.

Akalifunga daftari kwa viganja viwili.
"Liache. Ukilifuta,
Mbelwa atakuwa hakuondoka."

Kisha akanunua chumvi, nusu kilo.
Akalipa papo hapo,
akasubiri nimwandikie risiti.