Ukoko wa Kalsom

Jumatatu Kalsom aliteleza bafuni.
Jumatano akarudi na mkono wa kulia ndani ya plasta,
mnene, mweupe, kama muhogo uliomenywa.
Leo Ijumaa, mvua imeikalia Muar tangu usiku,
na mimi, dereva wa basi la Melaka miaka thelathini na mmoja,
nisiyewahi kugonga hata kuku,
nimesimama mbele ya sufuria
sijui kulia wala kushoto.

"Osha mchele," anaamuru kutoka kwenye kigoda.
Naosha.
"Mpaka maji yakuone."
Sijui maji humwonaje mtu.
Mara ya nne, yananiona.

Nazi nimeikuna mwenyewe. Na kidole, kidogo.
Tui zito huku, tui jepesi kule,
"usiyachanganye kama abiria wako."
Tangawizi iliyopondwa. Chumvi. Jani la mkadi, lipige fundo.
"Fundo moja au mawili?"
"Umefunga kamba za viatu tangu utoto, Dolah,
leo ndiyo waniuliza fundo?"

Maji hupimwa kwa kidole, mpaka kiungo cha kwanza.
"Kidole changu au chako?"
Hapo ananyamaza.
Anavitazama vidole vyake vilivyochungulia kwenye plasta,
vimevimba, vimekuwa vya mtu mwingine.
"Changu," anasema. "Chako kirefu."
Basi namshika mkono wa kushoto,
namsogeza hadi jikoni, nachovya kidole chake
kama anayeweka dole gumba kwenye hati ya shamba.
"Punguza kidogo," anasema. Napunguza.

Halafu dagaa.
Nilidhani dagaa huja hivyo hivyo, bila vichwa.
Kumbe kila kichwa kina aliyekitoa.
Nahesabu: mia na tisini, kwa chakula cha asubuhi moja.
Naanza kuzidisha kwa siku, kwa miaka,
naacha.

Pilipili kavu zilizolowekwa, vitunguu vidogo,
na kile kibonge cha kamba waliochachushwa
kinachonuka kama viatu vya askari
mpaka kiguse moto, kikatubu.
"Kaanga, mafuta yajitenge."
"Nitajuaje?"
"Pilipili itanyamaza."
Nakoroga. Rojo linanitukana, linanirukia shati,
mwenyewe nalijibu.
Dakika ya ishirini, kweli, kimya.
Mafuta mekundu yanapanda pembeni taratibu.
Naongeza ukwaju, na sukari ya mnazi,
na sitamwambia kwamba nimeogopa ule ukimya.

Karanga zimeungua upande. Yai moja limepasuka.
Tango nimelikata kwa unene wa tiketi za zamani.

Nimetandika jani la mgomba.
Wali wa juu, mweupe, unaong'aa tui, nampa yeye,
na yai lisilopasuka.
Mimi nakwangua chini, najipakulia ukoko,
kama alivyojipakulia yeye miaka arobaini
bila mimi kuuliza.
Maneno nimeyapanga moyoni tangu alfajiri.

Anatazama sahani yake. Anatazama yangu.
"Nani kakwambia ugawe hivi?"
"Umekula ukoko maisha yote kwa ajili yangu, Kalsom."
Anacheka mpaka plasta inagonga meza.
"Kwa ajili yako! Mzee,
nazi yote hushukia huko chini.
Nilikuwa nakuficha.
Lete hapa."

Nampelekea. Kipande kimoja nimekibana shavuni:
kikavu, kinono, kina moshi kidogo.
Miaka arobaini, mwizi huyu.

Kwa mkono wa kushoto hataki kula, na kijiko anakichukia.
Basi namlisha. Tonge la ukoko,
dagaa wawili, sambali kwenye ncha.
Anatafuna macho yamefumba,
nami nangoja kama mwanafunzi wa udereva
aliyekwisha kuzima injini.

"Chumvi," anasema.

Nageuka. Kopo liko dirishani,
kifuniko hakijaguswa,
matone ya mvua juu yake.

Nikirudisha uso,
amekwisha kupanua kinywa tena.