Handaki la Mkaa

Jana, kwenye shuka la Bi Mwashiti,
mbwa alichora handaki juu ya mwamba.
Bata akapita. Mbwa akabamizwa,
akawa bapa kama chapati,
akajikung'uta, akasimama.
Tulivunjika mbavu.

Leo Kapela kachora lake kwa mkaa
nyuma ya ghala la reli, stesheni ya Tabora:
duara, mawe ya ukingoni, giza la kutosha.
"Nipisheni!"

Ukuta wa Mjerumani haujui mzaha.
Puu!
Nyota hazikumzunguka kichwani,
nzi wawili tu,
na nundu ikichipua kama uyoga wa Desemba.

Tukamwinua. Akatema jino,
akaligeuzageuza kiganjani:
"Nilisahau kuchora reli."

Jioni treni ya Kigoma ikapiga honi.
Sote, hata yeye,
tukautazama ukuta.