G Ishirini na Moja, Nukta

Faili la Mwanajabu Famau limenijia na unyevu,
kona zimeliwa na mende.
Mtaa: Langoni. Kazi: mshona kofia. Miaka hamsini na miwili.
Daktari ameandika neno moja tu, mbiombio: kutetemeka.

Kutetemeka si nambari.
Kitabu kinanitaka nichague:
G ishirini, ugonjwa uliojijia wenyewe;
au G ishirini na moja, ulioletwa.
Na huu ulioletwa una nukta,
na nukta huuliza: umeletwa na nini?

Nafunua nyuma. Mwaka aliofiwa na Kasimu
hakulala siku tisa, akawa akijibizana na watu wa darini
asiowaona mwingine.
Tukampa haloperidoli, vidonge viwili kwa siku.
Mwezi ukaisha, akaongezwa. Ukaisha, akaongezwa.
Miaka minne ya mihuri ya buluu,
na mingi niliigonga mimi.

Watu wa darini walinyamaza.
Uso nao ukanyamaza,
mguu ukawa unaburuzika kizingitini,
na sindano, iliyozoea kupita tundu kwa tundu
huku yeye akizungumza na jirani,
sasa yamdunga kidole.

Kalamu imekaa hewani hadi adhana ya adhuhuri.
Kisha: nukta moja. Dawa.
Kando yake nambari ya pili, kitabu kinavyodai,
kuitaja dawa yenyewe kwa ukoo wake.

Ya mgonga muhuri nimeitafuta. Haimo.

Faili silirudishi rafuni.
Nalipeleka kwa daktari kwa mkono wangu,
kidole kimebaki pale pale, kwenye nukta.